Kupanga Orodha ya Chaneli za Televisheni kwa Kompyuta: Mwongozo kwa Kaya za Mwananyamala

Dar es Salaam. Orodha ya chaneli katika televisheni janja ni kumbukumbu ambayo televisheni yenyewe huiandika na kuihifadhi kila inapomaliza kusaka mawimbi. Katika televisheni nyingi za kisasa, kumbukumbu hiyo inaweza kutolewa kwa flashi, kupangwa upya kwenye kompyuta kwa kutumia programu maalumu, kisha kurejeshwa mahali pake. Kazi hiyo haihitaji kufungua televisheni wala kubadilisha kifaa chochote, na mwenye nyumba anaweza kuifanya mwenyewe akizingatia hatua chache zilizo muhimu.

Kwa kaya za Mwananyamala, katika Manispaa ya Kinondoni, jambo hili lina uzito kuliko linavyoonekana. Nyumba nyingi za eneo hilo ni za kupanga, na mara nyingi televisheni moja hutazamwa na watu wa rika zote. Mto Ng'ombe na mitaro inayopeleka maji kwenye bonde la Msimbazi hufanya tahadhari za mvua kubwa kuwa habari ya lazima msimu wa masika, kuanzia Machi hadi Mei. Mzee anayelazimika kubonyeza rimoti kupita chaneli 200 za lugha asizozifahamu ili aifikie taarifa ya habari ya saa 2:00 usiku, huenda akaifikia ikiwa imekwisha. Ibara ya 18 ya Katiba ya Jamhuri ya Muungano wa Tanzania inatambua haki ya kila mtu kupewa taarifa kuhusu matukio muhimu kwa maisha ya wananchi. Orodha iliyopangwa vizuri ni njia mojawapo ndogo ya kuifanya haki hiyo itumike sebuleni.

Chanzo cha orodha kuwa ndefu

Katika mfumo wa analojia, mkondo mmoja wa masafa ulibeba chaneli moja. Dar es Salaam ilikuwa na chaneli chache, na mtazamaji alizikariri kwa namba. Hali hiyo ilibadilika baada ya makubaliano ya kimataifa yaliyofikiwa Geneva mwaka 2006 chini ya Shirika la Mawasiliano la Kimataifa, ambayo yaliweka tarehe 17 Juni 2015 kuwa mwisho wa ulinzi wa matangazo ya analojia kwa nchi zilizohusika. Tanzania haikusubiri tarehe hiyo. Mitambo ya analojia jijini Dar es Salaam ilizimwa usiku wa tarehe 31 Desemba 2012, na miji mingine ikafuata kwa awamu.

Katika mfumo wa dijitali, mkondo mmoja wa masafa hubeba chaneli nyingi kwa wakati mmoja, pamoja na stesheni za redio. Kwa upande wa setilaiti, dishi moja lililoelekezwa vizuri linaweza kuleta mamia ya chaneli. Televisheni inaposaka, huandika kila inachokipata kwa utaratibu wake: pengine kwa mfuatano wa masafa, pengine kwa namba zilizotumwa na mrushaji wa matangazo. Utaratibu huo hauzingatii nani anaishi katika nyumba hiyo wala anatazama nini. Ndiyo maana chaneli ya taifa inaweza kukutwa kwenye namba 147, katikati ya chaneli za mauzo na nyingine zisizofunguka.

Orodha ipi inaweza kupangwa

Kabla ya kuanza, mwananchi anapaswa kutambua picha anayoitazama inatoka wapi, kwa kuwa televisheni moja inaweza kuwa na zaidi ya orodha moja.

Orodha ya kwanza ni ya antena. Televisheni yenye kipokezi cha ndani cha mawimbi ya dijitali ya ardhini, ambacho kwenye boksi na kitabu cha maelekezo huandikwa DVB-T2, hupokea chaneli zisizofungwa moja kwa moja kupitia waya wa antena. Orodha hii inakaa ndani ya televisheni, na inaweza kupangwa.

Orodha ya pili ni ya dishi lililounganishwa moja kwa moja na televisheni yenye kipokezi cha setilaiti, ambacho huandikwa DVB-S2. Hii nayo inakaa ndani ya televisheni, na ndiyo ambayo kwa kawaida huwa ndefu kuliko zote.

Orodha ya tatu ni ya kisimbuzi, ambacho wengi hukiita king'amuzi. Kisimbuzi cha kampuni ya malipo, kama vile Azam, StarTimes au DStv, kina orodha yake ambayo hupangwa na kusasishwa na mtoa huduma. Kwa mtumiaji wa kisimbuzi hicho, televisheni ni kioo tu: kubadili orodha ya televisheni hakutabadilisha namba za chaneli za kisimbuzi. Njia iliyopo ni kutumia sehemu ya chaneli pendwa iliyomo kwenye menyu ya kisimbuzi chenyewe.

Zipo pia programu tumizi za intaneti zinazoonesha video. Hizo hazimo katika orodha ya chaneli, na hupangwa kwenye ukurasa wa mwanzo wa televisheni.

Kilichomo ndani ya faili

Faili linalotolewa na televisheni hubeba zaidi ya majina ya chaneli. Kila chaneli ina namba yake ya kubonyeza, masafa inakopatikana, namba za utambulisho zinazotumwa na mrushaji, na alama zinazoonesha kama imefungwa, imefichwa, au imewekwa katika orodha ya pendwa. Namba za utambulisho ndizo zinazoiwezesha televisheni kujua chaneli ipi ni ipi hata jina lake likibadilika.

Kila kampuni ina muundo wake wa faili. Televisheni nyingi za Samsung hutoa faili lenye mwisho wa .scm katika matoleo ya zamani, na .zip katika matoleo yaliyofuata. Za LG, kwa matoleo mengi, hutoa faili la .TLL. Za Sony hutoa faili liitwalo sdb.xml, na za Philips hutoa folda nzima ambayo jina lake huanza na ChannelMap. Hata ndani ya kampuni moja, toleo moja na lingine huweza kutofautiana. Kwa sababu hiyo, faili la televisheni moja halipaswi kupakiwa kwenye televisheni ya modeli nyingine.

Jambo la pili la kuzingatia ni kwamba mafaili mengi kati ya hayo yana namba ya uhakiki, ambayo televisheni huitumia kujiridhisha kuwa faili halikuharibika njiani. Mtu akilifungua faili kwa programu ya kawaida ya kuandikia na kubadilisha herufi chache, namba hiyo hailingani tena, na televisheni hulikataa faili. Programu maalumu hufanya hesabu hiyo upya yenyewe kila inapohifadhi mabadiliko.

Programu inayotumika

Miongoni mwa programu zinazotumika duniani kwa kazi hii ni ChanSort. Ni programu isiyolipiwa, msimbo wake uko wazi kwenye tovuti ya GitHub, na hufanya kazi katika kompyuta zenye mfumo wa Windows. Inasoma mafaili ya kampuni nyingi, zikiwemo Samsung, LG, Sony, Philips, Panasonic, Hisense na TCL, ingawa si kila modeli. Ukurasa wa programu hiyo hutaja modeli zilizojaribiwa, na ni vema kuusoma kabla ya kuanza.

Programu ipakuliwe kutoka kwenye ukurasa wa watengenezaji wake pekee. Nakala zinazosambazwa kwa flashi mitaani, au zinazopatikana kwenye tovuti zinazodai malipo kwa kitu kinachotolewa bure, zinaweza kubeba virusi. Asiye na kompyuta anaweza kuomba msaada kwenye duka la huduma za intaneti, lakini abaki na flashi yake na nakala ya faili la awali.

Hatua za kufuata

Hatua ya kwanza ni kusaka chaneli zote upya, siku ambayo mawimbi ni mazuri na waya wa antena au dishi uko imara. Faili hubeba kile tu ambacho televisheni imekipata; chaneli iliyokosekana wakati wa kusaka haiwezi kuongezwa kwa kupanga. Pale ambapo menyu ina chaguo la kupanga namba moja kwa moja kwa kufuata mrushaji, chaguo hilo lizimwe, la sivyo televisheni itaurudisha mpangilio wa awali.

Hatua ya pili ni kuchomeka flashi iliyo tupu, iliyoandaliwa kwa fomati ya FAT32, kisha kufungua menyu ya mipangilio na kuingia sehemu ya utangazaji au ya chaneli. Hapo hutafutwa chaguo la kuhamisha au kunakili orodha ya chaneli, na kuchagua kutoa kwenda kwenye flashi. Baadhi ya televisheni huuliza namba ya siri kwanza. Iwapo chaguo hilo halipo, kitabu cha maelekezo kiangaliwe. Televisheni nyingi za bei nafuu hazina uwezo huo, na kwa hizo kupanga hubaki kuwa kazi ya rimoti.

Hatua ya tatu, na isiyorukwa kwa sababu yoyote, ni kunakili faili hilo kama lilivyo na kulihifadhi kwenye kompyuta, katika folda yenye jina la televisheni na tarehe. Hiyo ndiyo nakala ya akiba. Lolote likiharibika baadaye, nakala hiyo huirudisha televisheni ilipokuwa.

Hatua ya nne ni kulifungua faili ndani ya programu. ChanSort huonesha orodha mbili sambamba: upande mmoja chaneli zote kama zilivyo kwenye faili, upande wa pili mpangilio mpya unaojengwa. Chaneli huchaguliwa moja moja au kwa kundi na kuburutwa hadi namba inayotakiwa. Kazi ambayo kwa rimoti ingechukua jioni nzima hukamilika kwa dakika chache.

Hatua ya tano ni kuhifadhi na kurudisha faili kwenye flashi kwa jina lile lile na mahali pale pale lilipokuwa. Jina la faili au folda lisibadilishwe, kwa kuwa televisheni hulitafuta kwa jina hilo. Kisha flashi huchomekwa kwenye televisheni na kuchaguliwa kuingiza orodha. Baada ya hapo televisheni izimwe na kuwashwa tena, na chaneli chache zikaguliwe kwa kubonyeza namba zake.

Wakati faili linaingizwa, umeme usikatike. Ni busara kuhakikisha uniti za LUKU zinatosha, na kuahirisha kazi hiyo siku ambayo umeme unakatika na kurudi.

Mpangilio unaomfaa mtazamaji

Hakuna mpangilio mmoja unaozifaa kaya zote. Hata hivyo, upo utaratibu unaorahisisha matumizi katika nyumba yenye watu wa rika mbalimbali. Namba 1 hadi 9, zinazobonyezwa mara moja tu, zitengwe kwa chaneli za habari na za ndani zinazotazamwa kila siku, zikianza na ile ambayo familia huitegemea kwa taarifa ya habari na tahadhari za Mamlaka ya Hali ya Hewa Tanzania. Kundi linalofuata lianze na namba ya kukumbukwa kwa urahisi: michezo kuanzia 20, watoto kuanzia 30, dini kuanzia 40, redio mwishoni kabisa.

Chaneli zinazojirudia ziondolewe na ibaki ile yenye picha bora. Zilizofungwa kwa malipo, ambazo huonesha kioo cheusi tu, zifichwe badala ya kufutwa, ili zirudi iwapo zitafunguliwa. Chaneli zisizowafaa watoto zinaweza kuwekewa alama ya kufungwa, na televisheni itadai namba ya siri kila inapofika hapo. Ni muhimu namba hiyo ibadilishwe kutoka ile ya kiwandani, ambayo mara nyingi ni 0000 na watoto huifahamu.

Orodha iliyokamilika iandikwe kwa mkono kwenye karatasi, kwa herufi kubwa, na kubandikwa karibu na televisheni. Kwa mtu mzima ambaye macho yake hayasomi tena maandishi madogo ya kwenye kioo, karatasi hiyo humrudishia uwezo wa kuchagua mwenyewe anachotaka kutazama pasipo kumwita mjukuu.

Televisheni nyingi, mpangilio mmoja

Manufaa huwa makubwa zaidi kwa maeneo ya biashara. Nyumba ya wageni, saluni au mgahawa wenye televisheni kadhaa za modeli moja unaweza kupanga orodha mara moja na kuiingiza kwenye zote kwa flashi moja, mradi zote zinapokea mawimbi kutoka antena au dishi la aina moja lililoelekezwa sehemu moja.

Pale ambapo televisheni ni za kampuni tofauti, faili haliwezi kuhamishwa, lakini mpangilio unaweza. ChanSort huruhusu orodha iliyokwisha kupangwa itumike kama kielelezo: faili la kila televisheni hutolewa peke yake, kielelezo hufunguliwa pembeni, na programu huzipanga chaneli kwa kuzifananisha kwa namba za utambulisho au majina. Mgeni anayehama kutoka chumba kimoja kwenda kingine huikuta taarifa ya habari kwenye namba ile ile.

Tahadhari

Kosa linalojitokeza mara nyingi ni kusaka chaneli upya kila picha inapopotea. Mvua ikinyesha na mawimbi yakashuka, kusaka upya huifuta orodha iliyopangwa, na kwa kuwa mawimbi ni dhaifu, orodha mpya huwa pungufu. Kwanza ukaguliwe waya, kiungio chake na mwelekeo wa antena au dishi. Ikiwa orodha imekwisha kufutwa, faili lililohifadhiwa huirejesha bila kumwita fundi na bila malipo mapya.

Kosa la pili ni kuingia kwenye menyu ya mafundi. Televisheni huwa na menyu ya siri inayofunguliwa kwa kubonyeza vitufe kwa mpangilio maalumu, na maelekezo yake husambazwa sana mtandaoni. Menyu hiyo hudhibiti mambo ya ndani ya kifaa, na badiliko moja lisilo sahihi linaweza kuifanya televisheni isiwake. Kama njia pekee ya kutoa orodha ni kupitia menyu hiyo, kazi hiyo aachiwe fundi mwenye ujuzi wa modeli husika.

Kosa la tatu ni kuamini kuwa kupanga orodha hufungua chaneli za kulipia. Programu hizi hubadilisha namba, majina na alama pekee. Mtu anayeuza flashi akidai ina orodha inayofungua chaneli zote, ama anamdanganya mnunuzi, ama anauza viungo vya matangazo yaliyochukuliwa bila idhini ya wenye haki, jambo ambalo ni kinyume cha sheria ya hakimiliki na linaweza kuiingiza televisheni iliyounganishwa na intaneti katika hatari ya kudukuliwa.

Tatizo linapokuwa la huduma

Kupanga orodha hakuongezi nguvu ya mawimbi, wala hakurudishi chaneli iliyoondolewa na mtoa huduma. Ikiwa chaneli iliyokuwa ikionekana imetoweka kwenye antena au kisimbuzi wakati majirani nao hawaipati, suala hilo liko nje ya televisheni ya mwananchi.

Katika hali hiyo, malalamiko hupelekwa kwanza kwa mtoa huduma, yakiwa na jina la chaneli, tarehe, saa na eneo, na mlalamikaji abaki na namba ya kumbukumbu. Asiporidhika na majibu, anaweza kuyafikisha Mamlaka ya Mawasiliano Tanzania, iliyoundwa kwa sheria ya mwaka 2003 na yenye ofisi zake Dar es Salaam katika jengo la Mawasiliano, Barabara ya Sam Nujoma, umbali mfupi kwa daladala kutoka Mwananyamala. Sheria hiyo hiyo iliunda Baraza la Ushauri la Watumiaji wa Huduma za Mawasiliano, ambalo kazi yake ni kusimamia maslahi ya watumiaji na kupokea maoni yao.

Kaya inayopanga orodha yake kwa mara ya kwanza inashauriwa kutoa faili jipya kila baada ya kusaka chaneli kwa mafanikio, na kulihifadhi pamoja na la awali badala ya kuliandika juu yake. Flashi yenye mafaili hayo iwekwe pamoja na kitabu cha maelekezo cha televisheni, mahali ambapo kila mtu mzima katika nyumba anapafahamu.